Kusitisha, Kuahirisha au Kusimamisha? Istilahi za Deni la Kodi Lililo Katika Rufani

Miongoni mwa barua zilizotufikia katika robo hii ya mwaka imo moja iliyotoka kwa mwalimu wa Kiswahili wa shule ya sekondari. Ndugu yake ni mwenye duka la vifaa vya ujenzi. Alikadiriwa kodi ambayo aliona kuwa imepita kiasi, akawasilisha pingamizi, akalipa sehemu aliyotakiwa kulipa, kisha akaletewa barua yenye sentensi hii: "Ukusanyaji wa sehemu iliyobaki ya deni lako umesitishwa." Alimpelekea mwalimu barua hiyo amsomee na kumweleza maana yake. Mwalimu akamwambia kwamba jambo limekwisha, na kwamba sehemu iliyobaki haidaiwi tena. Mwenye duka akazichukua fedha alizokuwa ameziweka kando, akanunua saruji na mabati. Baada ya miezi kadhaa pingamizi lilikataliwa, na sehemu ile ikadaiwa pamoja na riba. Mwalimu atuuliza: je, kosa ni la yeye aliyesoma, au ni la neno lililoandikwa?

Swali hili si dogo. Mwaka 2021 Bunge la Tanzania lilitunga sheria iliyokifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na lugha ya mahakama, mabaraza na vyombo vingine vya kutoa haki. Tangu hapo kazi ya kuziweka sheria katika Kiswahili si ya kuwasaidia tu wale wasiojua lugha ya kigeni, bali ni kazi ambayo haki na wajibu wa watu vyategemea. Katika makala haya tunakusudia kulichambua jambo moja katika uwanja huo, yaani hali ya deni la kodi ambalo mkusanyaji ameacha kulidai kwa sababu mlipa kodi amelipinga. Tutaeleza kwanza dhana yenyewe, kisha tutayapima maneno yanayotumika, na mwisho tutatoa mapendekezo.

1. Dhana yenyewe

Kanuni ya kale katika mambo ya kodi ni kwamba mdaiwa alipe kwanza, ndipo adai. Wanasheria wa Ulaya waliiita kwa Kilatini solve et repete, maana yake "lipa, kisha dai urejeshewe". Hoja yake ni kwamba hazina haiwezi kungoja. Kama kila anayekadiriwa angeweza kulizuia deni kwa kuandika barua ya kulipinga tu, watu wangepinga ili kununua muda, si kwa kuwa wameonewa. Hoja ya upande wa pili ni nzito vilevile. Mtu aliyekadiriwa kimakosa, akilazimishwa kulipa yote kabla ya kusikilizwa, huenda duka lake likafungwa kabla haki yake haijaonekana. Na hukumu ya kumrejeshea fedha haitalifungua duka hilo.

Kwa sababu hiyo nchi nyingi zimetafuta njia ya katikati. Sheria ya Usimamizi wa Kodi ya Tanzania, kama ilivyotungwa mwaka 2015, ilimpa mlipa kodi siku 30 tangu kupelekewa uamuzi ili awasilishe pingamizi kwa Kamishna Mkuu. Pingamizi dhidi ya makadirio halikupokelewa mpaka awe amelipa ama kodi isiyobishaniwa, ama theluthi moja ya kodi iliyokadiriwa, kwa kuchukua kiasi kilicho kikubwa zaidi. Kamishna Mkuu akiridhika kwamba ipo sababu ya kutosha, aliweza kukipunguza kiasi hicho au kuliondoa sharti lenyewe. Viwango na muda huo Bunge laweza kuvibadili kwa Sheria ya Fedha ya mwaka wowote. Tunachokiangalia sisi ni muundo wa fikra.

Tuchukue mfano. Mfanyabiashara amekadiriwa shilingi 30,000,000. Yeye akubali kwamba anadaiwa shilingi 6,000,000 tu. Theluthi moja ya makadirio ni shilingi 10,000,000, nayo ni kubwa kuliko kiasi anachokikubali. Basi atalipa 10,000,000. Kama angekubali shilingi 12,000,000, angelipa 12,000,000. Katika hali ya kwanza zinabaki shilingi 20,000,000. Hizo ndizo kiini cha makala haya. Hazijalipwa, hazijasamehewa, wala hazijafutwa. Zipo katika daftari, ila mkono wa mkusanyaji umezuiwa usizifuate mpaka pingamizi liamuliwe.

Tuseme pia mkono huo una nguvu gani, ili msomaji aone ukubwa wa jambo. Anayekusanya kodi hahitaji kungoja kama mdai wa kawaida. Sheria humruhusu kukamata mali ya mdaiwa na kuiuza, na kuiagiza benki au mtu mwingine anayeshika fedha za mdaiwa alipe deni kutoka katika fedha hizo. Karani wa benki mwenye agizo la kulipa mkononi, akionyeshwa barua inayosema kuwa ukusanyaji umeachwa, lazima ajue mara moja: umeachwa kabisa, au umeachwa kwa muda? Na kama ni kwa muda, ni mpaka lini?

2. Maneno matano katika mizani

Maneno ambayo tumeyakuta katika tafsiri, katika magazeti na katika barua za ofisi ni matano: sitisha, ahirisha, samehe, zuia na simamisha. Tuyapime moja moja.

(a) Sitisha. Asili yake ni kitenzi sita, yaani kusimama kwa kusitasita, kutoendelea. Kwa asili hiyo lingefaa sana, kwa kuwa anayesita hajaghairi safari. Tena limezoeleka katika maneno "kusitisha mapigano", ambapo vita huwa havijaisha. Lakini lugha haiishi katika asili tu. Katika matumizi ya leo "mwajiri amesitisha mkataba" maana yake mkataba umekwisha, na "ajira yake imesitishwa" maana yake mtu yuko nje ya kazi. Neno hili basi limebeba mizigo miwili inayopingana, kukomesha na kupumzisha. Msomaji huchagua ule autakao, na mdaiwa daima atautaka ule wa kukomesha. Hapa ndipo mwalimu wetu alipoteleza.

(b) Ahirisha. Tunasema "kesi imeahirishwa hadi tarehe fulani". Neno hili ni safi, halina mashaka kwamba jambo bado lipo. Kasoro yake ni nyingine: linachosogezwa ni siku ya jambo. Ukisema "malipo yameahirishwa", umesema kwamba siku ya kulipa si ile ya kwanza, na asiyelipa siku ile ya kwanza hakuchelewa. Asiyechelewa hawezi kudaiwa riba ya ucheleweshaji. Ilhali katika deni lililo katika pingamizi, mara nyingi siku ya kulipa haikusogea. Aliyezuiwa ni mkusanyaji. Tofauti hii yaonekana ndogo katika karatasi, lakini katika hesabu ya riba yaweza kuwa kubwa.

(c) Samehe. Kusamehe ni kuliondoa deni au sehemu yake. Mwaka 2018 Tanzania ilikuwa na utaratibu wa msamaha wa riba na adhabu za malimbikizo ya kodi, na wananchi waliulewa barabara: kilichosamehewa hakikulipwa tena. Kwa hiyo neno hili lisitumike kabisa kwa deni lililo katika rufani. Tunatahadharisha hasa pale Kamishna Mkuu anapomwondolea mlipa kodi sharti la kulipa theluthi. Tumeona ikiandikwa kwamba mlipa kodi "amesamehewa theluthi ya kodi". Sivyo. Kilichoondolewa ni sharti la kulipa kabla ya kusikilizwa. Kodi yenyewe bado yote iko palepale.

(d) Zuia. Mahakama hutoa zuio, na neno hilo limekwisha kukaa imara katika lugha ya sheria kwa maana ya amri ya kumkataza mtu asitende jambo. Mtu angeweza kusema "zuio la ukusanyaji wa kodi". Ila katika uwanja wa kodi neno hili tayari lina mwenyewe: kodi ya zuio ni ile inayokatwa na mlipaji wakati wa kumlipa mwingine, ikapelekwa serikalini. "Zuio la kodi" na "kodi ya zuio" zikikaa katika ukurasa mmoja, msomaji asiye mtaalamu hatajua lipi ni lipi. Istilahi nzuri haitakiwi kumpa msomaji kazi ya namna hiyo.

(e) Simamisha. Watumishi wa serikali wanaosoma gazeti hili hawana haja ya kuelezwa tofauti baina ya kusimamishwa kazi na kufukuzwa kazi. Aliyesimamishwa bado ni mtumishi. Jina lake halijafutwa, shauri lake linaendelea, na mwisho wake utakuwa ama kurudi kazini ama kuondolewa. Hivyo ndivyo hasa lilivyo deni lililo katika pingamizi. Neno hili, tofauti na sitisha, halijachakaa kwa kutumiwa kwa maana ya kukomesha. Aidha, linatumika mahakamani katika maneno "kusimamisha utekelezaji wa hukumu", ambayo ni dhana ndugu.

Hatusemi kwamba simamisha halina kasoro. Jina linaloundwa kutokana nalo, usimamishaji, limekaribiana mno na usimamizi. "Usimamizi wa ukusanyaji wa kodi" ni kazi ya kila siku ya Mamlaka ya Mapato. "Usimamishaji wa ukusanyaji wa kodi" ni kinyume chake. Kosa dogo la mpiga chapa lingeweza kuigeuza barua nzima. Kwa hiyo twashauri jina hilo liepukwe, na mahali pake litumike kitenzi-jina kusimamisha: "amri ya kusimamisha ukusanyaji", "ombi la kusimamisha ukusanyaji".

3. Tusifuate neno, tufuate dhana

Huenda mfasiri akauliza: kwa nini tusichukue neno la sheria ya kigeni, tukalipa neno moja la Kiswahili, tukamaliza? Jibu ni kwamba sheria za nchi mbalimbali hazifanyi jambo moja hata pale zinapofanana kwa maneno. Mifano michache itatosha.

Nchini Uingereza, sheria ya usimamizi wa kodi ya mwaka 1970 humruhusu aliyekata rufani aombe sehemu inayobishaniwa isidaiwe kwanza, na neno linalotumika katika sheria hiyo ni lile ambalo kamusi hutafsiri kuwa kuahirisha. Hata hivyo riba huendelea kuhesabiwa juu ya kiasi ambacho mwishoni kitaonekana kuwa kilidaiwa kweli. Mfasiri akiandika kuahirisha, atakuwa mwaminifu kwa kamusi na mdanganyifu kwa msomaji. Dhana ya sheria hiyo ni kusimamisha.

Nchini Marekani hali ni nyingine. Aliyepelekewa taarifa ya upungufu wa kodi ya mapato kwa kawaida ana siku 90 za kupeleka shauri katika Mahakama ya Kodi bila ya kulipa chochote kwanza. Shauri likiwa mahakamani, wakusanyaji hawaruhusiwi kuliingiza deni hilo katika vitabu wala kulikusanya, ingawa riba huhesabiwa. Hapa hata kusimamisha si neno kamili, maana huwezi kusimamisha kitu ambacho hakijaanza kwenda. Mfasiri aandike kwamba ukusanyaji hauanzi mpaka shauri liamuliwe.

Afrika Kusini imeshika kanuni ya kulipa kwanza. Mahakama yake ya Katiba, katika shauri la kampuni ya Metcash la mwaka 2000, iliona kwamba kanuni hiyo, kwa jinsi ilivyokuwa katika sheria ya kodi ya ongezeko la thamani, haikuvunja katiba. Pingamizi peke yake halisimamishi deni; mlipa kodi huomba, na ofisa mwenye madaraka huamua. Italia ilikwenda njia nyingine: Mahakama yake ya Katiba iliitengua kanuni ya solve et repete mwaka 1961, kwa kuwa iliwatenga wasio na fedha na milango ya mahakama.

Kwa majirani zetu, Uganda iliweka sharti la kulipa asilimia 30 ya kodi iliyokadiriwa au sehemu isiyobishaniwa, kwa kuchukua iliyo kubwa zaidi, na Mahakama ya Juu ya nchi hiyo ililikubali sharti hilo katika rufani ya kikatiba ya mwaka 2009. Kenya, katika Sheria ya Taratibu za Kodi ya mwaka 2015, ilimtaka mwenye pingamizi alipe kodi isiyobishaniwa, bila ya kumtoza fungu la ile inayobishaniwa. Anayefasiri baina ya Nairobi na Dodoma akumbuke pia kwamba katika Kenya neno ushuru hutumika sana kwa kodi ya kila namna, na neno rufaa hushika mahali pa rufani. Katika Tanzania ushuru ni wa forodha, wa bidhaa na wa namna hiyo, na mahakama ya juu kabisa huitwa Mahakama ya Rufani. Tofauti hizi hazina ubaya, mradi andiko moja lisichanganye zote mbili.

4. Msaada uliomo katika kauli za kitenzi

Kiswahili kina utajiri ambao wafasiri wengi huusahau. Kitenzi kimoja, kwa kubadili kauli, chaweza kutuonyesha ni nani aliyetenda na ni nani aliyetendewa. Tuangalie sentensi tatu:

"Ukusanyaji husimama pingamizi linapopokelewa." Hapa hakuna anayeamua, sheria yenyewe ndiyo inayosimamisha. Mlipa kodi hana haja ya kuomba.

"Ukusanyaji umesimamishwa na ofisa." Hapa kuna aliyeamua, na alichokiamua aweza kukitengua. Mlipa kodi atakuwa na hekima akiihifadhi barua ya uamuzi huo.

"Mlipa kodi amesimamishiwa ukusanyaji." Hapa uamuzi umemhusu mtu mmoja aliyeuomba, jirani yake mwenye shauri kama hilo asidhani kwamba na yeye amepata.

Mfasiri anayeandika husimama mahali pa husimamishwa amebadili sheria, hata kama hakuongeza neno. Twaomba walimu walitie jambo hili katika mazoezi ya kauli za kitenzi. Wanafunzi huuliza mara nyingi kauli hizo zina faida gani nje ya mtihani. Hapa kuna jibu moja.

5. Mapendekezo

Kwa kuzingatia yote tuliyoyaeleza, tunapendekeza istilahi zifuatazo, na tunawaomba wasomaji watuletee maoni yao kabla hazijafikishwa katika kikao cha kusanifu:

Kodi inayobishaniwa: sehemu ya kodi iliyokadiriwa ambayo mlipa kodi haikubali. Kinyume chake ni kodi isiyobishaniwa.

Pingamizi: hoja ya maandishi inayopelekwa kwa mamlaka ileile iliyokadiria. Isichanganywe na rufani, ambayo hupelekwa kwa chombo kingine, kama vile Bodi ya Rufani za Kodi, kisha Baraza la Rufani za Kodi, na hatimaye Mahakama ya Rufani.

Amana ya pingamizi: kiasi kinacholipwa ili pingamizi lipokelewe. Tumechagua amana, si dhamana, kwa kuwa dhamana ni ahadi au mali inayowekwa kuhakikisha jambo, ilhali hapa fedha taslimu hutolewa. Mlipa kodi akishinda, atarejeshewa kilichozidi. Akishindwa, zitahesabiwa katika deni.

Kuondoa sharti la amana: uamuzi wa kumruhusu mlipa kodi apeleke pingamizi bila ya amana. Tusiseme kusamehe.

Kusimamisha ukusanyaji kwa muda: kumzuia mkusanyaji asilifuate deni mpaka jambo lililotajwa litokee. Maneno "kwa muda" yasiachwe, na yafuatwe daima na mwisho wa muda huo: "hadi pingamizi liamuliwe", au "hadi rufani iliyoko mbele ya Bodi iamuliwe". Kila ngazi ina masharti yake, na asidhani mtu kwamba kilichosimama katika pingamizi kimesimama pia katika rufani.

Kuahirisha malipo: kuisogeza siku ya kulipa. Litumike pale tu ambapo sheria imeisogeza siku hiyo kweli.

Kuanza tena ukusanyaji: hali inayofuata kusimamishwa kunapokwisha. Tusiseme kurejesha ukusanyaji, kwa kuwa marejesho, katika lugha ya kodi, ni fedha anazorudishiwa mlipa kodi.

Kufuta deni: kuliondoa kabisa katika vitabu.

Ama kitenzi sitisha, hatupendekezi kiondolewe katika lugha. Neno haliondoki kwa amri. Tunapendekeza tu kwamba katika barua na sheria zinazohusu madeni lisitumike, mpaka hapo matumizi ya watu yatakapoliegemeza upande mmoja.

6. Jibu kwa mwalimu

Sasa turudi kwa aliyetuandikia. Kama barua ya ndugu yake ingeandikwa kwa jinsi tunavyopendekeza, ingesomeka hivi: "Ukusanyaji wa shilingi kadha wa kadha, ambazo ni kodi inayobishaniwa, umesimamishwa kwa muda hadi pingamizi lako liamuliwe. Deni hili halijafutwa. Pingamizi likikataliwa, utatakiwa kulilipa pamoja na riba kwa mujibu wa sheria." Sentensi ni tatu mahali pa moja. Karatasi iliyoongezeka haifiki hata nusu ukurasa, na mwenye duka asingezigusa fedha zile.

Kwa hiyo twamjibu mwalimu kwamba yeye hakukosea kusoma. Alilisoma neno kama linavyosemwa mitaani na kuandikwa magazetini, na msomaji hana wajibu wa kukisia maana iliyokuwa moyoni mwa mwandishi. Kosa ni la sisi tunaoandika, tunaofasiri na tunaosanifu, tulioliacha neno lenye nyuso mbili likae katika barua inayomdai mtu fedha. Tunamwomba atuletee nakala ya barua hiyo, akiwa amelifuta jina la ndugu yake, ili tuiweke mbele ya wajumbe siku istilahi hizi zitakapojadiliwa.